ALBAMU ILIYOBAKI RAFUNI: BENDI ZA TABORA NA KANDA ZA RTD

SEHEMU YA 1

Wale mliokuwa nami kwenye mfululizo wa wapagazi, leo tunabaki hapa hapa Tabora ila tunahama karne. Ni ndefu kidogo, nimeigawa, kwa hiyo kama uko kwenye daladala soma sehemu ya kwanza, nyingine malizia nyumbani.

Vijana wa hip hop wana hadithi moja wanaipenda sana. Kuna jamaa wa New York anaitwa Large Professor. Mwaka 1991 akiwa na kundi lake la Main Source walitoa albamu ya Breaking Atoms, na humo ndimo dunia ilimsikia Nas kwa mara ya kwanza. Mwaka 1994 Nas alipotoa Illmatic, midundo mitatu ilikuwa ya huyu huyu Large Professor. Kwa hiyo kila mtu alikuwa anasubiri albamu yake mwenyewe, ya kwanza ya kusimama peke yake. Akairekodi, jina The LP, chini ya kampuni ya Geffen. Mwaka 1996 singo zikatoka. Albamu haikutoka. Kampuni ikaifungia, ikawa inatembea kwa nakala za wizi, mtu anamrekodia mwenzake, hadi ilipotoka rasmi 2009. Miaka 13 kazi imekaa, na wakati huo huo watu wanaijua.

Mdogo wangu mmoja alinitumia hiyo habari akaandika, "Dada, kwetu hakuna kitu kama hiki." Kipo. Tena kwetu si albamu moja ya mtu mmoja. Ni bendi za mji mzima, zilirekodi miaka nenda rudi, kanda zikapangwa kwenye rafu Dar es Salaam (rafu ya kuwekea vitu, si ya mpira) na nyingi hazijawahi kuuzwa hata kwa shilingi moja. Lakini ukipiga nyimbo zake harusini leo, mzee mwenye fimbo anasimama.

Majina matatu ndiyo ya kukumbuka: Kiko Kids, Tabora Jazz, Nyanyembe Jazz. Zote za hapa.

SEHEMU YA 2

Kwanza, kwa nini Tabora? Swali hili naulizwa sana na watu wa Dar, kwa sauti ile ya "hivi huko kuna nini zaidi ya asali na maembe".

Jibu ni njia. Burton na Speke walipoingia Kazeh, yaani Tabora ya zamani, tarehe 7 Novemba 1857, walikuwa wametembea siku 134 kutoka pwani. Wakakuta mji tayari una wafanyabiashara Waarabu, una tembe, una soko, na Wanyamwezi ndio waliokuwa wakiuendesha kwa mabega yao. Hapa njia ya kutoka Bagamoyo ilikuwa inagawanyika: moja inakwenda Ujiji, nyingine inapanda kaskazini kuelekea Karagwe na Buganda. Mpagazi hatembei kimya, tulishaongea hilo. Kirangozi mbele, ngoma, wimbo, na waitikiaji nyuma wana pembe za ndovu mabegani. Wimbo wa pwani ulifika Unyamwezi kwa miguu, na wa Unyamwezi ukashuka pwani kwa miguu hiyo hiyo.

Reli ya Mjerumani ikafika Tabora 1912, Kigoma 1914. Mwaka 1928 tawi la Mwanza likafunguliwa. Tazama ramani: njia ile ile ya misafara, sasa ina chuma. Beni, ile ngoma ya gwaride na tarumbeta iliyoanza pwani miaka ya 1890, ilifuata askari, makarani na watu wa reli mpaka bara. Terence Ranger aliandika kitabu kizima juu ya beni mwaka 1975, na ukikisoma utaona jinsi chama cha ngoma kilivyosafiri kama barua.

Baada ya beni ikaja gramafoni. Santuri za Kyuba zikaingia, za Kongo zikaingia, na Tabora ilikuwa mahali pazuri kuzipokea: wafanyakazi wa reli wenye mshahara wa mwezi, shule kubwa za serikali na za misheni, wasafiri wanaolala wakisubiri treni. Kigoma upande mmoja na Kongo ng'ambo ya ziwa. Mtu anashuka na santuri Jumatano, Jumamosi bendi ya mji imeshaupata wimbo. Ndiyo maana gitaa za Tabora zina kitu cha ng'ambo ya ziwa ambacho bendi za Tanga hazina. Tanga wana uzuri wao, msinianze.

Na neno "jazz" kwenye majina lisikuchanganye. Hawakuwa wanapiga jazi ya Marekani. Jazz maana yake ilikuwa bendi ya kisasa yenye gitaa na saksafoni, watu wanacheza dansi wamevaa viatu.

SEHEMU YA 3

Hii ndiyo yenyewe, vumilia.

Kiko Kids ni ya miaka ya 1950, chini ya Salim Zahoro. Fikiria kipindi chenyewe. Januari 1958 TANU inakutana Tabora hapa hapa, mkutano ule wa kura tatu, watu wanabishana hadi usiku kama washiriki uchaguzi wa mkoloni au wasusie. Mji ule ule, miaka ile ile, kuna vijana wanajifunza gitaa. Uhuru ukaja Desemba 1961, na Kiko Kids wana wimbo unaitwa Tanganyika na Uhuru. Ule si wimbo wa kuagizwa na ofisi. Ni bendi ya mji ambao siasa ilipita mlangoni kwake.

Sasa bendi ikitaka kusikika nje ya ukumbi wake ilikuwa na milango miwili tu.

Mlango wa kwanza ni redio. Dar kulikuwa na redio tangu 1951, ikaitwa Sauti ya Dar es Salaam, 1956 ikawa shirika la Tanganyika Broadcasting Corporation, na 1965 serikali ikaichukua ikawa Radio Tanzania Dar es Salaam, RTD. Bendi inapanda treni, kilomita 840 hivi, inafika studio, inapiga nyimbo zake mfululizo, wote pamoja, mwimbaji na saksafoni na ngoma kwenye chumba kimoja. Ukikosea mnarudia wote. Wimbo unaingia kwenye kanda kubwa ya gurudumu. Bendi inapewa kiasi kidogo, inarudi nyumbani. Kanda inabaki. Si mali ya bendi tena kwa vitendo, hata kama wimbo ni wao. Inapangwa rafuni, inatoka siku ya kupigwa, inarudi rafuni.

Na kabla ya hapo maneno yanapitiwa. RTD ilikuwa na watu wa kusikiliza mashairi, yasiyofaa hayapiti. Hivyo wimbo ungeweza kukwama kabla, au ukapita na bado usiuzwe kokote.

Mlango wa pili ni Nairobi. Tanzania haikuwa na kiwanda cha kufyatua santuri. Hata kimoja. Ukitaka santuri unakwenda Kenya, na unachopata ni ile ndogo ya nyimbo mbili, mmoja kila upande, na wimbo ukiwa mrefu unakatwa katikati, sehemu ya kwanza huku, sehemu ya pili kule. Santuri kubwa ya nyimbo kumi, albamu kwa maana ya leo, ilikuwa nadra kwa bendi yoyote ya Tanzania, sembuse ya mkoani.

Februari 1977 mpaka wa Kenya na Tanzania ukafungwa, Jumuiya ya Afrika Mashariki ikafa. Watu wakiongelea 1977 wanaongelea ndege na reli na mabehewa nani kachukua. Wanamuziki nao walifungiwa kiwanda chao pekee. Mpaka ulifunguliwa tena 1983, miaka sita, na kwa bendi miaka sita ni umri. Mpiga gitaa ameoa, amehama, amekwenda kulima tumbaku.

Linganisha na Mbaraka Mwinshehe wa Morogoro. Alirekodi sana Nairobi, na alifia Mombasa kwa ajali Januari 1979. Kwa kuwa kanda zake zilikuwa kwa kampuni ya biashara kule Kenya, baada ya kifo zilitolewa santuri mfululizo za Ukumbusho. Kampuni ilitaka hela, na tamaa hiyo ikamhifadhi. Wa Tabora kanda zao zilikuwa mikononi mwa redio ya taifa ambayo haikuwa dukani. Sisemi RTD walikuwa wabaya. Bila wao kusingekuwa na kitu chochote cha kuzungumzia leo, maana nyimbo nyingi za bendi za mikoani hazikurekodiwa mahali pengine. Redio ile ile iliyozinyima soko ndiyo iliyozitunza. Hapo ndipo naona ugumu wa hadithi hii, na wanaoiandika kwa hasira upande mmoja wanaikosea.

Turudi kwa bendi. Tabora Jazz, wana Segere Matata. Enzi zile kila bendi ilikuwa na mtindo wenye jina: NUTA Jazz na Msondo, Mlimani Park na Sikinde, Maquis na Kamanyola. Segere Matata ndiyo ilikuwa bendera ya Tabora. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 akaingia kijana wa Kigoma, Shem Karenga. Alishapiga na Lake Tanganyika Jazz kwao, akaifuata reli kuja huku. Yeye ndiye wa Dada Asha. Kama umewahi kukaa kwenye ukumbi wowote wenye bendi ya watu wazima, umeusikia, hata kama hukujua jina. Baadaye Karenga alihamia Dar akapiga na MK Beats, na alifariki 2014. Wimbo ulimtangulia kila mahali alipokwenda.

Nyanyembe Jazz wao walichukua jina la himaya yenyewe, Unyanyembe. Wimbo wao ni Rangi ya Chungwa. Aisee. Kuna watu wanaupiga wakidhani ni wa Dar, wengine wanaapa ni wa Kongo. Nimeuona mtandaoni umeandikwa jina la bendi nyingine kabisa, na chini maoni mia watu wanashukuru "wakongwe wa Kinshasa". Wimbo wa Tabora! Hiyo ndiyo gharama ya kutokuwa na jalada. Santuri ina karatasi: jina la mtunzi, bendi, mwaka. Albamu ina picha yenu mmesimama na suti. Kanda ya rafuni ina maandishi ya kalamu kwenye boksi, na aliyeyaandika ameshastaafu.

SEHEMU YA 4

Hapa niongee kidogo kama nesi, maana kanda inaumwa kama kitu kingine chochote.

Hospitali za zamani zina stoo za picha za eksirei. Ukifungua boksi la miaka ya 1950 au 60 unapigwa na harufu ya siki. Si panya, si dawa iliyomwagika. Filamu za enzi hizo zilitengenezwa kwa asetati, na asetati ikizeeka kwenye joto na unyevu inatoa asidi, ile ile ya siki. Asidi inaharakisha uozo wa filamu yenyewe na wa jirani zake, yaani boksi moja linaambukiza mengine. Kanda za sauti za zamani nyingi zilikuwa za asetati vilevile. Ugonjwa ni mmoja.

Zilizokuja baadaye, miaka ya 1970, ni za poliesta, haziozi hivyo, lakini gundi inayoshika unga wa sumaku inanyonya unyevu wa hewa. Ukiiweka kwenye mashine inanata, inalia, unga unabanduka, na huo unga ndio sauti. Ukiulazimisha unamfuta Shem Karenga kwa mkono wako. Tiba yake inachekesha: unaioka. Joto la nyuzi 50 na kitu, saa kadhaa, taratibu, unyevu unatoka, kisha unainakili haraka kabla hali haijarudi. Mtu wa maabara akiniambia hivyo nitadhani anaongelea inkubeta.

Na Dar ni joto na unyevu mwaka mzima.

Tatizo lingine ni mashine. Mwaka 2019 UNESCO pamoja na chama cha kimataifa cha hifadhi za sauti walitoa tahadhari kwamba ikifika karibu 2025 kusikiliza kanda za sumaku duniani kutakuwa kugumu mno, kwa sababu mashine haziundwi, vipuri vimekwisha, na mafundi wanazeeka. Kanda inaweza kuwa nzima kabisa na bado isisikike.

Walijitokeza watu kujaribu. Mwaka 2012 kundi la Tanzania Heritage Project lilichangisha fedha mtandaoni kwa lengo la kuziingiza kanda za RTD, ambazo sasa ziko chini ya TBC ya leo, kwenye kompyuta. Walisema kuna zaidi ya saa 100,000. Piga hesabu: ni zaidi ya miaka 11 ukisikiliza usiku na mchana bila kulala. Humo si bendi tu, kuna hotuba, ngoma za makabila, taarab, michezo ya redio. Hata ukikata nusu bado ni mlima, na pesa za kuchangisha mtandaoni haziwezi kuuhamisha.

Kwa Kiko Kids mlango ulifunguka mbali. Kampuni ndogo ya Ujerumani, Dizim, ilikusanya rekodi zao za zamani ikatoa CD yenye jina la ule wimbo, Tanganyika na Uhuru. Miongo mitatu na kitu baada ya kurekodiwa! Albamu ya bendi ya Tabora, ina jalada, ina majina, inauzwa Ulaya. Mimi niliifahamu kwa mtu aliyekuwa Ujerumani, mimi ninayeishi umbali wa kutembea kutoka kumbi walizopiga. Nilifurahi na nikaona aibu kwa pamoja, sijui kama mnanielewa.

Halafu kuna suala la nani mwenye mali. Wengi mnasema "hizo ni za serikali". Taratibu. Sheria ya hakimiliki ya 1999, ndiyo iliyoizaa COSOTA, inampa mtunzi haki maisha yake yote na miaka 50 baada ya kufa. Kanda kama kitu, boksi na plastiki yake, ni ya aliyeirekodi. Wimbo uliomo ni wa mtunzi na warithi wake. Mtunzi aliyefariki 2014, haki ya wanawe inakwenda hadi miaka ya 2060. Tatizo si sheria, tatizo ni ushahidi. Mtoto wa mpiga gitaa wa Nyanyembe atathibitishaje, kama karatasi pekee yenye jina la baba yake iko ndani ya boksi ambalo halijafunguliwa?

Sasa mtaniuliza, rapa yuko wapi katika haya yote? Yuko. Saleh Jabir alipoanza kuchana kwa Kiswahili 1991, kazi ilienea kwa kaseti za kunakiliana, kama vile Large Professor alivyosambaa. Redio binafsi zilipoanza, Radio One ikiwa hewani 1994, vijana wakapata mlango ambao Kiko Kids hawakuwa nao. Lakini albamu za kwanza za Bongo Fleva ziliuzwa kwa mkupuo: unampelekea msambazaji masta, anakupa hela mara moja, mnaachana, hata akiuza nakala laki moja wewe ulishamaliza. Mtindo wa malipo ulikuwa ule ule wa RTD, chukua hiki uende nyumbani. Wasanii walioupigia kelele mkataba huo, na wapo hadi waliofika bungeni, walikuwa wanapigania jambo ambalo wazee wa Segere Matata walilijua kwa mifuko yao.

Na sikio halikukatika. Kigoma na Tabora zimeendelea kutoa waimbaji kwenye reli ile ile. Wengi wao walilelewa na redio ya baba inayopiga zilipendwa Jumapili, wakati wali unaiva. Hakuna aliyenunua albamu ya Tabora Jazz kwa sababu haikuwepo dukani. Waliipata hewani, kama chanjo ya matone, bila kuulizwa.

Sasa la mwisho, na hili ni la vitendo. Kwenye nyumba za Tabora, Urambo, Nzega, Kigoma, bado kuna santuri na kanda ndani ya masanduku ya marehemu. Nimeshaambiwa na watu wanne kwenye ukurasa huu huu. Ukiipata:

Usiicheze kwanza "kujaribu kama inafanya kazi". Mara hiyo moja inaweza kuwa ya mwisho.

Iondoe juani, juu ya friji, na karibu na spika kubwa, maana spika ina sumaku. Isimamishe wima kama kitabu, usiilaze zikapandana.

Ikinuka siki, itenge na nyingine, leo.

Piga picha boksi pande zote, na karatasi yoyote iliyomo, hata risiti. Maandishi yale ya kalamu usiyafute kwa kuyasafisha.

Kisha muulize mzee aliye hai nani aliimba, nani gitaa la solo, nani saksafoni, mwaka gani, na mrekodi kwa simu akisema mwenyewe. Anza na huyo mzee kabla ya kanda. Kanda inaweza kusubiri wiki.

Picha za maboksi nitumieni, majina nitayaweka kwenye orodha niliyoianza. Kwa sasa ina Kiko Kids watu sita, Tabora Jazz tisa, Nyanyembe wanne tu. Nyanyembe tusaidieni, hasa watu wa Cheyo na Ng'ambo. Naingia zamu ya usiku, nitajibu asubuhi.